Nani kaozesha tufaha? Shajara ya siku 42 ya mradi wa vijidudu na magonjwa

Kabla ya siku ya kwanza

Masomo ya vijidudu huanza mara nyingi na orodha: bakteria hawa huleta ugonjwa huu, virusi vile huleta ule. Mwanafunzi huikariri orodha yote bila kujua ilipatikanaje. Mradi huu unaanzia upande wa pili, na una swali moja tu: kijidudu kimekutwa penye ugonjwa, utajuaje kwamba ndicho kilichouleta na si mpita njia aliyekutwa kwenye tukio?

Mgonjwa wetu ni tufaha. Mtu haambukizwi kwa ajili ya somo, na ukungu wa buluu wa matufaha, Penicillium expansum, haumshambulii mtu mwenye afya. Hata hivyo masharti yamewekwa. Hakuna sampuli ya kohozi, usaha, damu, kinyesi wala maji machafu. Joto la kuoteshea ni nyuzi 25 za Selsiasi, kamwe si 37, kwa sababu 37 ni joto la mwili wetu, na ukiotesha vumbi la hewani kwa joto hilo unawachagulia nafasi wale wale waliozoea kuishi ndani ya watu. Mwenye pumu au kinga dhaifu hagusi ukungu.

Siku ya 1 na 2: vipimo vya macho

Hadubini ina lenzi ya jicho ya mara 10 na lenzi za chini za mara 4, 10, 40 na 100. Kabla ya kutazama chochote, kipenyo cha uwanja wa kuona kilipimwa. Lenzi ya jicho imeandikwa 18. Gawanya 18 kwa ukuzaji wa lenzi ya chini upate milimita. Kwa lenzi ya 10 uwanja ni milimita 1.8, kwa 40 ni 0.45, kwa 100 ni 0.18, yaani mikromita 180. Ukiwa na namba hizi tatu huhitaji kubuni ukubwa wa kitu: seli zinazojaza uwanja wa mikromita 180 zikiwa 25 kwenye mstari, kila moja ni kama mikromita 7.

Hamira ilitangulia, kwa kuwa seli zake ni kubwa (mikromita 5 hadi 10) na vichipukizi vyake vinaonekana kwa lenzi ya 40. Kisha mtindi: tone dogo likapakwa jembamba, likakaushwa, likapakwa rangi ya bluu ya methileni kwa dakika moja. Kwa lenzi ya 100 yakaonekana makundi mawili, vijiduara vilivyofungamana kama shanga na vijiti virefu. Bakteria wengi wana upana unaokaribia mikromita moja. Virusi vya polio vina nanomita 30 hivi, na hadubini ya mwanga haitenganishi vitu vilivyokaribiana chini ya nanomita 200. Kwa hiyo virusi havimo katika utazamaji wa mradi huu, hata kwa hadubini nzuri kiasi gani. Kikwazo ni mwanga wenyewe.

Makosa mawili yalijirudia. La kwanza ni kupitisha lenzi ya 40 juu ya mafuta yanayowekwa kwenye slaidi kwa ajili ya lenzi ya 100. Mafuta yakiganda pale picha haionekani wazi siku zote, na watu hulaumu slaidi. La pili ni kuandika "bakteria anaogelea" kwa kila kinachotikisika. Molekuli za maji hugonga vitu vidogo na kuvitetemesha papo hapo. Anayeogelea kweli huvuka uwanja, hugeuka, na hufuata mwelekeo wake mwenyewe, tofauti na wa jirani zake.

Siku ya 3: viotesheo, yaani vyakula vya kuoteshea vijidudu

Kwa ukungu: viazi gramu 100 vilivyomenywa na kukatwakatwa, vichemshwe dakika 30 katika maji mililita 400, vichujwe, kisha uongezwe glukosi gramu 10, agari (unga wa mwani unaogandisha) gramu 7.5 na maji hadi mililita 500. Kwa bakteria: peptoni gramu 2.5, dondoo la nyama gramu 1.5, chumvi gramu 2.5, agari gramu 7.5, maji hadi mililita 500. Kila kisahani hupokea kama mililita 20, hivyo nusu lita hutoa visahani 24 hivi.

Utakasaji ni dakika 15 kwa nyuzi 121, katika sufuria ya presha. Hapa ndipo wengi huharibikiwa bila kujua. Mvuke lazima utoke kwa nguvu dakika 5 hadi 10 kabla ya kuweka uzito juu ya tundu, ili hewa yote ifukuzwe. Hewa ikibaki ndani, kipimo kitaonyesha shinikizo sahihi ilhali joto liko chini ya 121, na spora, yaani maumbo magumu ambayo baadhi ya bakteria hujihifadhi nayo, zinapona.

Kiotesheo cha viazi kilitiwa asidi ili kuwazuia bakteria: asidi ya laktiki ya asilimia 10 iliyotakaswa, mililita 1 kwa kila mililita 100, na pH hushuka hadi karibu 3.5. Asidi huingia baada ya kutakasa, kiotesheo kikiwa kimepoa hadi nyuzi 50. Chupa moja ilitiwa asidi kabla ya kuchemshwa, na haikuganda: asidi na joto pamoja huvunja minyororo ya agari. Imemwagwa. Haiokolewi kwa kuongeza agari, maana hujui tena kilichomo.

Agari huyeyuka kwa nyuzi 85 hivi na haigandi mpaka ishuke chini ya 40. Pengo hilo ndilo lililoifanya ichukue nafasi ya jelatini, iliyokuwa ikiyeyuka siku za joto na kuliwa na bakteria wenyewe. Wazo la agari lilitoka kwa Fanny Hesse, aliyeijua kutokana na mapishi, na likafika maabara ya daktari Mjerumani Robert Koch mwanzoni mwa miaka ya 1880. Visahani vyenye kifuniko vikafuata mwaka 1887, kutoka kwa Julius Richard Petri. Bila vitu hivyo viwili visivyo na makuu, kazi iliyobaki ya mradi huu isingewezekana.

Siku ya 5: sampuli kutoka tufaha lililooza

Kishawishi ni kuchota katikati ya uozo, penye unga mwingi wa buluu. Tusifanye hivyo. Katikati ni penye maiti. Walishahamia huko chachu, bakteria wa siki na ukungu wa kila namna. Kisababishi kinapatikana mpakani, pale nyama ya kahawia laini inapokutana na nyeupe ngumu, maana huko ndiko kinakosonga mbele.

Ganda lilifutwa kwa spiriti ya asilimia 70, likaachwa likauke, likaondolewa kwa wembe uliopitishwa motoni. Vipande vya milimita 3 vilikatwa mpakani na kupangwa vinne kwa kisahani. Spiriti ya 70 imechaguliwa badala ya 95 kwa sababu maji ndiyo yanayoisaidia kuingia na kuharibu protini. Ile kali hukausha uso wa seli haraka, na huruka kabla ya kazi kwisha.

Visahani vinalala kifudifudi, chini juu. Vikilala chali, matone ya mvuke hudondoka kutoka kwenye kifuniko na kusambaza koloni moja (doa la vijidudu vilivyozaliana pamoja) ikawa ziwa. Vimefungwa kwa vipande vinne vya utepe, si kuzungushiwa wote, ili hewa iingie: ukiziba kabisa unawakaribisha wasiohitaji oksijeni.

Siku ya 7: visahani vya ukaguzi

Tangu siku ya 4 kulikuwa na visahani vinne vya bakteria: kimoja kilichoachwa wazi dakika 30, kimoja kilichoguswa na kidole kabla ya kunawa, kimoja baada ya kunawa kwa sabuni, na kimoja kisichofunguliwa. Kisichofunguliwa ni safi, kwa hiyo vingine vinaaminika.

Kidole kilichonawa kimetoa koloni nyingi kuliko kisichonawa. Si kosa la maandalizi, na hutokea mara kwa mara. Ngozi ina wakazi wa kudumu, kama Staphylococcus epidermidis, wanaokaa ndani ya mikunjo na vinyweleo. Kusugua kunawalegeza wakaja juu. Sabuni kazi yake hasa ni kuondoa wageni waliopatikana kwa kushika vitu, na wageni ndio wenye hatari ya kupelekwa mdomoni. Anayehesabu koloni bila kuuliza ni za nani atahitimisha kwamba kunawa kunachafua mikono. Ni somo zuri kuliko kisahani ambacho kingekuwa safi.

Siku ya 8 na 9: rangi za Gram

Hans Christian Gram alieleza njia hii mwaka 1884. Pako jembamba likauke lenyewe, lipitishwe juu ya mwali mara tatu. Violeti ya kristali dakika 1, suuza. Iodini dakika 1, suuza. Spiriti ya asilimia 95, sekunde 10 hadi 20, tone kwa tone huku slaidi imeinamishwa, mpaka kinachotiririka kisiwe na zambarau. Suuza mara moja. Safranini dakika 1, suuza, kausha.

Wenye ukuta mnene wa peptidoglikani hubaki zambarau: Gram chanya. Wenye ukuta mwembamba uliovikwa utando wa nje hupoteza rangi ya kwanza na kuchukua wekundu: Gram hasi. Utando huo wa nje si suala la rangi tu. Umebeba lipopolisakaraidi, ambayo ikifika kwenye damu kwa wingi hutibua homa na kuporomosha shinikizo la damu, hata kama bakteria wameshakufa.

Hatua ya spiriti ndiyo iliyotuchukulia siku mbili. Ikizidi, wote huwa wekundu. Ikipungua, wote zambarau. Pako nene huwa na madoa ya rangi zote mbili ndani ya kundi moja. Na Bacillus subtilis, bakteria wa udongoni, aliyeoteshwa siku 4 alitoka mwekundu nusu yake ingawa ni Gram chanya, kwa sababu kuta za seli kongwe hupasuka na kuvujisha rangi. Wa saa 18 alitoka zambarau safi. Tangu hapo kila slaidi ina mapako matatu: B. subtilis kulia, E. coli wa aina ya K-12 (Gram hasi wa maabara asiyeleta ugonjwa) kushoto, na kinachochunguzwa katikati. Wa pembeni wakitoka sivyo, wa kati hasomwi.

Siku ya 10

Vipande 11 kati ya 12 vimetoa ukungu mweupe uliogeuka buluu-kijani wenye ukingo mweupe. Kimoja kina chachu. Ncha ya sindano ya buluu imehamishiwa visahani vitatu vipya, kwa pointi moja katikati. Kisahani kimegeuzwa juu chini wakati wa kuchoma, spora, yaani mbegu za ukungu, zianguke kwenye kifuniko badala ya kutapakaa. Feni imezimwa, dirisha limefungwa, barakoa imevaliwa.

Siku ya 16: kuambukiza

Spora za ukungu huu hazipendi maji, ukizimwagia huelea. Tone moja la Tween 80, kilowesho kinachofanya kazi kama sabuni, katika mililita 100 za maji yaliyotakaswa huzilowesha. Mililita 10 za maji hayo zilimwagwa juu ya koloni, uso ukasuguliwa taratibu kwa kitanzi cha waya, mchanganyiko ukachujwa kwa pamba.

Hesabu ilifanywa kwenye slaidi ya kuhesabia seli. Miraba 5 kati ya 25 ya katikati ilikuwa na spora 40. Mara 5, kisha mara 10,000: spora milioni 2 kwa mililita. Mililita 1 katika 19 za maji ikatoa 100,000 kwa mililita. Kisha mililita 1 katika 9, mara mbili.

Matufaha 20 mazima, yaliyolowekwa dakika 2 katika klorini ya asilimia 0.5 na kusuuzwa mara mbili kwa maji yaliyochemshwa, yaligawanywa manne manne. Jeraha ni la msumari uliochomwa na kupoa, upana milimita 3, kina milimita 5. Kila jeraha lilipata mikrolita 20. Kundi A: spora 2,000. B: 200. C: 20. D: jeraha, maji yenye Tween bila spora. E: hakuna jeraha, spora 2,000 juu ya ganda. Kila kundi lina sanduku lake lenye karatasi yenye unyevu.

D na E ndiyo moyo wa jaribio. Bila D, huwezi kukana kwamba msumari wenyewe ndio ulioozesha. Bila E, hutajua kwamba ganda ni kinga.

Siku ya 23: matokeo

A: yote 4 yameoza, wastani wa kipenyo milimita 28. B: yote 4, milimita 19. C: mawili kati ya 4, madogo. E: hakuna. D: moja limeoza.

Matufaha manne hayatoshi kuchora mkunjo wa dozi, na hatutauchora. Ila mwelekeo uko wazi: chini ya idadi fulani, kuambukiza kunakuwa bahati nasibu, na pasipo mlango hata spora 2,000 zinakaa bure.

Lile moja la D linakera, na ndilo lenye mafunzo zaidi. Kwa macho, tufaha ni tufaha lililooza. Lakini uozo wake ni wa majimaji, nyuzi zake ni ndefu za kijivu zenye vichwa vyeusi kama vya pini. Chini ya hadubini nyuzi hazina kuta za kukatia katikati. Hiyo ni Rhizopus. Penicillium ina nyuzi zenye kuta, na spora za mikromita 3 hivi zilizopangwa kwenye tawi lenye umbo la fagio. Sanduku la D lilibaki wazi muda mrefu zaidi wakati wa kutoboa, na jeraha lisilo na mwenyewe hukaliwa na yeyote apitaye.

Siku ya 29

Vipande vya mpakani kutoka A, B na C vimetoa ukungu ule ule wa buluu-kijani, fagio lile lile, spora za ukubwa ule ule. Mzunguko umefungwa: umekutwa kwenye ugonjwa, umeoteshwa peke yake, umeleta ugonjwa ule ule kwa aliyekuwa mzima, umetolewa tena. Ndiyo njia aliyoitumia Koch kwa kifua kikuu, alichokitangaza tarehe 24 Machi 1882.

Aulizaye kama sehemu nzima ya tufaha hilo inalika: hapana. P. expansum hutengeneza sumu iitwayo patulini, nayo huvuka mpaka wa uozo. Haiondoki kwa kuchemsha juisi, ndiyo maana kiwango chake katika juisi ya matufaha kimewekewa kikomo cha mikrogramu 50 kwa kilo.

Siku ya 31 hadi 34: kutoka tufaha hadi mtu

Kila kundi la masanduku lina mwenzake katika tiba. Dozi: Shigella wachache, kama 10 hadi 100, wanatosha kuharisha damu, kwa kuwa wanastahimili asidi ya tumbo. Vibrio cholerae, bakteria wa kipindupindu, haistahimili, hivyo kwa mtu mzima mwenye tumbo la kawaida huhitajika mamilioni. Punguza asidi kwa dawa, na idadi inashuka. Mlango: tetekuwanga haliingii kwa njia ya pepopunda. Clostridium tetani husubiri jeraha lenye kina lisilo na hewa.

Namna ya kudhuru ndiyo inayochanganya wengi, maana hudhaniwa kwamba kijidudu "hula" mwili. Kipindupindu hakipasui utumbo hata kidogo. Sumu yake ina sehemu B inayoshika utando wa seli na sehemu A inayoingia na kukwamisha swichi ikiwa imewashwa. Seli humwaga chumvi, maji huifuata, na mgonjwa mahututi hupoteza hata lita moja kwa saa. Ndiyo maana kinachookoa kwanza ni maji yenye chumvi na sukari. Staphylococcus aureus huacha sumu yake kwenye chakula. Ukipasha moto unaua bakteria na kuiacha sumu, na kutapika huanza ndani ya dakika 30 hadi saa 8. Sumu ya botulini ni kinyume chake: kuchemsha huiharibu, lakini spora za bakteria wanaoitengeneza hupona. Kifua kikuu hakina sumu kali ya aina hiyo. Matundu ya mapafu huchimbwa kwa sehemu kubwa na vita vya kinga yenyewe. Virusi huingia ndani ya seli na kuzigeuza karakana zao.

Kisha mahali njia ya Koch inapokwama. Bakteria wa ukoma haoti kwenye kiotesheo chochote cha maabara. Wabebaji wa kipindupindu wasio wagonjwa wapo, na Koch mwenyewe aliwajua. Helicobacter pylori hukaa tumboni mwa watu wengi wasio na vidonda. Daktari Barry Marshall alimnywa bakteria huyo mwaka 1984, akapata gastritis, yaani mwasho wa ukuta wa ndani wa tumbo, na kazi hiyo ikapewa Nobel mwaka 2005. Kijidudu ni sharti la lazima bila kuwa sharti la kutosha, kama kundi E lilivyoonyesha.

Siku ya 36: joto

Mirija miwili, hamira na B. subtilis wa siku 5, iliwekwa kwenye maji ya nyuzi 80 kwa dakika 10, kisha ikapandwa. Hamira haikuota. B. subtilis ameota kana kwamba hakuna kilichotokea, kwa kuwa wa siku 5 ameshatengeneza spora. Mrija wa tatu, B. subtilis wa saa 12, ameota koloni chache tu. Tofauti ni umri. Spiriti ya mikono nayo haiui spora. Kwa Clostridioides difficile, bakteria wa kuharisha mwenye spora, hunawa kwa sabuni na maji tu.

Siku ya 42: kufunga

Visahani vyote vimeingia kwenye sufuria ya presha kwa dakika 30, si 15, kwa sababu vilivyorundikana hupitisha joto polepole. Slaidi zimelowekwa kwenye klorini ya asilimia 0.5: sehemu 1 ya dawa ya kung'arishia yenye asilimia 5, sehemu 9 za maji, iliyotengenezwa siku hiyo hiyo. Kilicholowekwa kwenye klorini hakiingii kwenye sufuria ya presha. Gesi yake ni sumu.

Kundi D litarudiwa kwa matufaha 8, majeraha yakifunikwa kwa utepe uliotakaswa mara tu baada ya kutobolewa, na sanduku likifunguliwa la kwanza badala ya la mwisho.